Nta Masikioni mwa Bi Makubwa

Kitu cha kwanza ambacho mgeni alikigundua kwa fundi cherehani wa chumba cha mwisho hakikuwa masikio yake, ingawa yalikuwa marefu, yamechongoka, na yalipita utosi wake kwa upana wa kiganja. Masikio mtu huyazoea. Kilichomshika mgeni ni jinsi fundi huyu alivyokuwa hodari wa kushangaa. Ukimwambia mvua imenyesha mtaa wa pili, aliacha kukanyaga pedali, akashika kifua na kusema, "Makubwa!" Ukimwambia paka wa duka la kona amezaa, "Makubwa! Na wana rangi gani?" Akisikia mmoja amezaliwa hana mkia, alisikitika kweli kweli. Watu walitoka chumbani mwake wamevimba kidogo kwa raha, kama waliopokea zawadi, kwa sababu hakuna mwingine mtaani aliyezipa habari zao heshima kiasi kile. Wakamwita Bi Makubwa. Jina lake la Kielu, ambalo kulitamka kulitaka mtu apumue katikati, likasahaulika.

Alikuwa Mwelu. Waelu hawakuwa wengi katika mji ule, na karibu wote waliishi upande wa mashine za kusaga nafaka: watu warefu, wembamba, wenye vidole virefu na umri usiosomeka usoni. Wenyeji walidhani wamejazana kule kwa ajili ya kazi. Ukweli ni kwamba walifuata kelele. Sikio la Mwelu husikia kijiko kikianguka nyumba ya nne. Husikia ugomvi, husikia sala, husikia mtu anavyojigeuza kitandani na kushusha pumzi. Ukimya kwa Mwelu ni kama kulazimishwa kukaa ndani ya maisha ya watu wote kwa wakati mmoja, na mashine ya kusaga ndiyo pazia lake.

Kwa sababu hiyo, somo la kwanza la mtoto wa Kielu, kabla hata ya salamu, ni kushangaa. Mama humwambia mwanawe asubuhi habari ambayo mtoto aliisikia ukutani jana yake, na mtoto sharti anyanyue nyusi, afungue mdomo kwa kiasi, kisha aulize swali la maana. Akishangaa kidogo, hurudia. Akizidisha, huchekwa: "Tazama, kashangaa kama mwizi!" Wenyewe hawaoni kwamba ni uongo. Wanaona ni kama kumpisha mtu mlangoni. Habari, kwa Waelu, ni mali ya mwenyewe kama nguo aliyovaa. Kuisikia si kosa, maana masikio hayana kope. Kosa ni kuonyesha, kwa neno au kwa uso au kwa tendo, kwamba umefika kwenye habari ya mtu kabla yeye hajakukaribisha. Hilo wanaliita kumtangulia mtu, na katika lugha yao hakuna tusi lililo zito kuliko kuitwa mtangulizi.

Bi Makubwa alihama kwenye mashine baada ya kufiwa na mumewe, akachukua chumba katika ua wenye vyumba vinavyotazamana na bomba la maji katikati. Kaka yake, msagaji, alimwambia atateseka. Lakini alikuwa na cherehani yake, cherehani ya chuma iliyokuwa ikinguruma kama gari bovu, na hiyo ikawa pazia lake jipya. Mume na mke wa chumba cha pembeni mwa bomba walipoanza kurushiana maneno, cherehani iliwaka. Walipofika kwenye mambo ya siri, ilikwenda mbio.

"Shusha sauti," mume alikuwa akisema. "Fundi ameanza kushona."

"Anashona nini? Mbona tangu juzi hana kitambaa?"

Na kweli mara nyingi chini ya sindano hapakuwa na kitu.

Chumba kilichopakana naye kilikuwa cha msusi ambaye ua mzima ulimwita Mama Saluni, na binti yake, Kasuku. Aliitwa Kasuku kwa sababu neno lilikuwa haliwezi kulala mdomoni mwake. Alipong'oka jino la kwanza alimpita mama yake mzazi aliyekuwa ameshika kichwa cha mteja, akampita kila mtu pale bombani, mpaka kwa Bi Makubwa.

"Bi Makubwa, kaa chini kwanza!"

"Nimekaa, mwanangu."

"Kaa vizuri!"

Bi Makubwa akakaa vizuri, akashangaa, akaomba kuliona jino, akauliza kama liliuma. Tangu siku ile kila habari ya Kasuku ilipitia chumba cha mwisho kwanza. Mtihani alioufaulu. Kazi aliyopata ya kufundisha chekechea. Dereva wa lori aliyemwambia anampenda, wamesimama nyuma ya tangi la maji, na Bi Makubwa alikuwa ameyasikia maneno yale yote kupitia dirishani, pamoja na kigugumizi cha yule kijana, akainama juu ya cherehani akitabasamu peke yake. Msichana alipoingia mbio na viatu mkononi, uso wa Bi Makubwa ulikuwa tayari kama meza iliyoandaliwa. Hakujaliwa mtoto. Kitu alichokuwa nacho ni zile dakika ambazo Kasuku alikuwa akihema mlangoni na kusema, "Kaa chini kwanza!"

Harusi ilipopangwa, haikuhitaji kuulizwa nani atashona gauni.

Siku ya vipimo Kasuku alisimama juu ya kigoda, mikono ameitanua, mdomo haufungi, akieleza maua atakayobeba na viatu vitakavyomuua miguu. Bi Makubwa alizungusha tepu kiunoni mwake, akainamisha kichwa kusoma namba. Hapo ndipo alipousikia. Chini ya moyo wa Kasuku, ambao alikuwa ameujua tangu ukiwa wa mtoto, palikuwa na mwingine, mdogo mno, wa haraka, kama sindano inayopita kwenye hariri.

Akaandika namba. Akasema, "Geuka, mwanangu." Hakutikisika hata ukucha. Mwanamke wa Kielu husikia moyo wa pili sokoni, kwenye foleni, popote, na huwa hasemi kitu. Pengine humpisha mtu kiti akisingizia kwamba amechoka kukaa. Kwa jinsi Kasuku alivyoruka kutoka kwenye kigoda bila kujiangalia, ilikuwa wazi kwamba yeye mwenyewe hajui bado.

Laiti angeishia pale. Lakini alikuwa pia fundi, na siku ya kukata, kitambaa kimetandazwa mezani, cheupe, kimeagizwa kutoka mbali na hakina cha kuongezea, aliiona harusi bado iko mbele na tumbo liko njiani. Alimwona msichana asubuhi ya siku yake, zipu imegoma katikati ya mgongo, mashangazi wanavuta huku na kule. Akasimama na mkasi kwa muda mrefu. Kisha mkono ukaishinda adabu. Akakata kwa upana. Akapandisha kiuno hadi chini ya kifua, akaacha kitambaa cha kutosha kwenye mishono ya ubavuni, akakikunja ndani na kukifunika kwa bitana. Kwa nje hakuna ambaye angejua. Wakati ukifika, alijiambia, Kasuku atakuja mwenyewe kumpa habari, yeye atashangaa, kisha atafumua uzi kidogo tu na gauni litamtosha.

Siku ya kujaribu gauni alikuja shangazi wa bwana harusi, mwanamke mwenye macho ya kukagua mizigo, ambaye ujanani naye alishona. Wakati wengine wanapiga vigelegele, yeye alipiga magoti, akapindua pindo, akapandisha mkono ndani ya bitana kama mtu anayetafuta sarafu iliyopotea.

"Fundi," alisema, "akiba yote hii humu ndani ni ya nini?"

"Huwa naacha kidogo, shangazi."

"Kidogo? Humu anaingia mtu mwingine mzima!"

Mama Saluni akacheka. "Shangazi naye! Mtoto akiolewa si atanenepa? Au kwenu hamlishi wake?"

"Atanenepa tumbo tu, mikono ibaki vile vile? Tazama mikono ilivyokatwa, kama uzi."

Wakacheka wote, na Kasuku, amejaa pini huku na huku juu ya kigoda, akacheka kuliko wote. "Bi Makubwa! Ulinipima mimi au ulipima pipa?" Akamgeukia, akisubiri arudishiwe mzaha.

Uso wa Mwelu hufundishika, lakini masikio hayajawahi kufundishika. Mwelu akipatwa na aibu, ncha za masikio yake hukunjika na kushuka polepole, kama majani ya mche uliokosa maji. Ya Bi Makubwa yalishuka mbele ya wote. Alijua yanashuka, akayasihi moyoni yasimame, yakazidi kushuka mpaka yakagusa mabega. Kicheko kikafa chumbani, kimoja baada ya kingine.

"Bi Makubwa," alisema Kasuku. "Umesikia nini?"

Bi Makubwa akainama kuokota pini sakafuni.

"Umesikia nini, kwangu?"

"Ala!" alisema shangazi, akisimama na kupangusa magoti. "Hawa watu husikia mpaka sisimizi akipiga chafya." Akachukua mkoba wake. "Mimi nawahi."

"Unawahi wapi, shangazi, na chai iko jikoni?"

"Nitainywa siku nyingine."

Kasuku alibaki amesimama juu ya kigoda na gauni lake la pini, midomo ikitembea bila sauti kama mtu anayepiga hesabu, na mkono wake ukashuka taratibu, ukasimama tumboni.

Kipimo cha zahanati kilisema hivyo hivyo. Kutoka zahanati Kasuku alikwenda moja kwa moja kwenye uwanja wa malori, ili angalau huyu mmoja amwambie mwenyewe, na njiani alikuwa ameshayapanga maneno. Akamkuta dereva wake amezungukwa na wenzake wanampiga mgongoni. "Shangazi ameshaniambia!" kijana alipaza sauti kutoka juu ya lori, meno yote nje. Maskini, alikuwa na furaha ya kweli. Hakuelewa kwa nini mchumba wake aligeuka na kuondoka.

Bi Makubwa alizisikia hatua zake tangu barabarani. Zilikuwa za kutembea. Hakuwahi kumsikia Kasuku akitembea kuja chumbani kwake. Safari hii hapakuwa hata na hodi.

"Ulisikia moyo wake?"

"Ndiyo."

"Lini?"

"Siku ya vipimo."

"Kwa hiyo ulijua kabla yangu mimi."

"Ndiyo, mwanangu."

"Usiniite mwanangu." Kasuku alisimama pale, akipumua kwa pua. Halafu jambo jingine likamjia, na Bi Makubwa aliliona likimjia, akatamani ardhi ipasuke. "Na jino?"

"Jino lipi?"

"Jino langu! La kwanza! Ulisema 'makubwa', ukaomba kuliona. Ulikuwa umeshasikia?"

"Nilisikia likikatika kwenye mkate."

"Na mtihani?"

"Nilimsikia mama yako akilia kwa furaha."

"Na dereva?"

Masikio yake ndiyo yaliyojibu, yakashuka.

"Yaani maisha yangu yote," alisema Kasuku polepole, "nimekuwa nikimkimbilia mtu na magazeti ya jana. Na yeye ananitazama tu."

"Sikuwahi kukucheka hata siku moja."

"Ndiyo maana inauma."

Akaondoka. Bi Makubwa alitaka kumfuata amweleze kwamba kwao kushangaa ni heshima, na kwamba furaha aliyokuwa akionyesha haikuwa ya kuigiza hata kama mshangao ulikuwa wa kuigiza. Lakini kumwendea mtu uliyemkosea na mzigo wa maelezo ni kumwongezea kazi. Akakaa.

Kesho yake alikuja kaka yake, unga wa mashine bado umemganda nyusi na masikio. Waelu wakisalimiana huelekezeana sikio. Yeye hakumwelekezea.

"Dada."

"Kaka."

"Umemtangulia mtu."

"Nimemtangulia."

"Kwa kupitiwa?"

"Kwa kujua. Mkono wangu mwenyewe, na mkasi."

Msagaji alishusha pumzi kama gunia linalotuliwa. Alitoa kopo dogo mfukoni, akaliweka juu ya jiko, na harufu ya nta ya nyuki ikajaa chumba. Sheria yao ni fupi. Mtangulizi huzibwa masikio kwa nta na pamba, na hukaa hivyo mpaka yule aliyenyang'anywa habari amletee habari nyingine kwa mdomo wake na kwa hiari yake. Mtangulizi haombi, hatumi mtu, hadokezi, wala haelezi anasubiri nini.

"Na asipoleta?" aliuliza Bi Makubwa.

"Kuna waliozikwa na nta zao, dada. Unawajua."

Sauti za mwisho alizosikia zilikuwa draya ya nywele ya Mama Saluni ng'ambo ya ukuta, na Kasuku akipenga kamasi.

Maisha ya ukimya yalimvua nguo, hivyo ndivyo alivyojiona. Cherehani ilikwenda bila sauti, naye akawa anashona mshono mzima kabla ya kugundua kwamba uzi umekwisha. Wateja walipiga kelele mpaka mishipa ikawasimama shingoni. Alijifunza kusoma midomo, akikosea mara kwa mara. Mtu aliomba suruali ipunguzwe, yeye akairefusha. Alijifunga kitambaa kichwani kuficha pamba na kusema ana mafua. Alipokwenda upande wa mashine kununua vifungo, wanawake wa Kielu walikiona kitambaa, wakaelewa, na kila mmoja akageuza sikio lake upande mwingine kwa adabu kubwa, jambo ambalo lilimchoma zaidi kuliko kama wangemtukana.

Na kulikuwa na aibu nyingine ambayo hakuitarajia. Watu waliendelea kumletea habari, na sasa zilikuwa habari kweli. Hakuwa anazijua. Akagundua kwamba hajui kushangaa. Mshangao wa kweli ulikuja umechelewa, mdomo ukining'inia, macho yakitoka kama ya samaki, na swali la maana halikuja kabisa. Mke wa yule mume wa pembeni mwa bomba alimwambia kwamba wameamua kuhama mwaka ujao, akasubiri, kisha akatikisa kichwa.

"Bi Makubwa, siku hizi hushangai vizuri. Ni hayo mafua?"

Harusini hakwenda. Aliitazama kwa upenyo wa pazia. Kasuku alivaa gauni la kuazima la binamu yake, na pale nyuma, zipu ilipogoma, paliunganishwa kwa pini iliyofichwa na utepe. Bi Makubwa aliiona ile pini. Alishusha pazia, akalichukua gauni lake jeupe kutoka nyuma ya mlango, akaanza kulifumua uzi mmoja mmoja mpaka likarudi kuwa kitambaa.

Dereva alipangisha chumba cha karibu na geti katika ua ule ule, ili mkewe asiwe peke yake yeye akisafiri. Kwa hiyo kila asubuhi Bi Makubwa alimwona Kasuku akienda chekechea, na kila jioni akirudi, tumbo likitangulia zaidi kidogo. Walipokutana bombani, Kasuku alisema "Shikamoo" kwa midomo iliyobana, yeye akajibu "Marahaba" kwa sauti asiyojua kama ni kubwa au ndogo. Basi. Lililomnyima raha ni lile tumbo. Yeye, aliyeujua moyo ule kabla ya mama mwenyewe, sasa hakujua kama bado unapiga. Alibaki kumkagua msichana kwa macho, kama anavyofanya kila mtu: anatembeaje, amevimba miguu, ameshika kiuno. Siku moja Kasuku alikaa ghafla juu ya ndoo iliyopinduliwa, na Bi Makubwa akasimama dirishani ameng'ata kidole mpaka alipomwona anacheka na mtu. Wala hakuwa na haki ya kuuliza.

Alasiri moja alikuwa ameinama anakata kola, akaona kivuli kikizunguka meza. Kasuku alikuwa mbele yake, ameshika mfuniko wa sufuria na mwiko, uso umejaa mashaka.

"Nimepiga huu nyuma ya kichwa chako," alisema, na Bi Makubwa akayafuata maneno mdomoni. "Wameruka mpaka kuku. Wewe hukugeuka."

"Sisikii."

"Mama alisema ni mafua."

"Si mafua. Nimezibwa."

"Nani kakuziba?"

"Sisi wenyewe. Ni mambo ya kwetu."

"Mpaka lini?"

Bi Makubwa aliitazama kola. Hapo ndipo sheria ilipombana. Angeweza kusema neno moja tu na msichana huyu, mwenye moyo laini, angemhurumia. Akarudisha mkasi kwenye kola. Masikio yalishuka chini ya kitambaa, na kitambaa kikashuka nayo.

Kasuku akavuta kigoda, akakaa kwa kujishikilia meza. Kisha akaonyesha tumbo kwa mwiko.

"Hata huyu humsikii?"

"Hata yeye."

"Hujui kama ni mzima?"

"Sijui."

"Hujui analala upande gani, anaamka saa ngapi, hujui chochote?"

"Sijui chochote, mwa..." Akajikata. "Sijui."

Mdomo wa Kasuku ukafunguka. Bi Makubwa aliujua ule mdomo tangu siku za jino. Ukifunguka hivyo, nyusi zikapanda hivyo, kuna habari inakuja. Mkasi ukamganda mkononi. Lakini msichana ambaye neno lilikuwa haliwezi kulala mdomoni mwake alilitazama lile neno, akafunga mdomo, akalimeza.

"Hapana," alisema. "Leo hupati."

"Sawa."

"Usiniambie sawa. Nisikilize... nitazame. Akizaliwa nitakuja mimi. Mimi mwenyewe, kwa miguu yangu. Kama ni wa kiume, kama ni wa kike, kama ana masikio kama yako, utasikia kwangu. Mtu mwingine akija kukuambia na ukamkubalia, mimi na wewe tusijuane."

"Hata kama ni mama yako?"

"Hasa mama yangu! Humjui?" Kidogo alitaka kucheka, akajizuia. "Nataka niuone uso wako. Ule ambao hukufundishwa."

"Ni mbaya," alisema Bi Makubwa. "Watu wanalalamika."

"Basi nitauona ubaya wake."

"Umenisamehe?"

"Sijasema nimekusamehe. Nimesema nitakuja." Akainuka kwa shida, akachukua mfuniko wake, akatoka bila kujua kwamba amemwahidi kitu gani. Bi Makubwa alikaza kitambaa kichwani kwa mikono yote miwili, kwa kuwa masikio yalikuwa yanainuka na hakutaka hata ukuta uyaone. Hakujiona kama mtu anayestahili kuinua masikio.

Asubuhi Kasuku alipopelekwa hospitali, Bi Makubwa aliona lori la dereva limesimama getini, begi, beseni, Mama Saluni na chanuo bado limechomekwa kwenye nywele zake mwenyewe. Kasuku, amemwegemea mumewe, uso umejikunja kwa uchungu, alipofika getini aligeuka, akatazama dirisha la mwisho, akaweka kidole midomoni. Kisha wakamkweza.

Siku ile hakushona. Usiku hakulala. Kesho yake, jua limeshapanda, Mama Saluni aliingia getini peke yake, anakwenda mbio, mtandio unaburuza. Ua mzima ulimkimbilia. Bi Makubwa alikuwa mlangoni kabla hajajijua. Aliiona midomo ya jirani yake ikikusanyika kutamka neno la kwanza, na kwa kuwa sasa alikuwa hodari wa kusoma midomo, alijua kwamba akiendelea kutazama atajua. Akageuka. Mwanamke mzima, mbele ya majirani wote, akasimama ameuelekea ukuta kama mtoto aliyeadhibiwa, viganja vimefunika macho.

Sakafu ilitetemeka chini ya nyayo zake. Watu walikuwa wanaruka uani. Au walikuwa wanaanguka. Saruji haisemi ni ipi, na katika giza la viganja vyake mambo yote mawili yalimjia kwa zamu, tena na tena. Mkono ukamgusa bega. Akaachanisha vidole kidogo sana. Alikuwa Mama Saluni, bila shaka ameshaonywa na Kasuku, macho yamejaa machozi, midomo ameibana kwa vidole vyake mwenyewe kama anayezuia maji ya bomba. Waliangaliana. Machozi ni machozi tu. Bi Makubwa hakupata humo alichokitafuta. Mama Saluni akatikisa kichwa kwa nguvu, akaelekeza kidole getini, kisha angani upande wa magharibi, pale jua litakapokuwa jioni, akatoroka kabla siri haijamtoka.

Kuanzia hapo ua ulipatwa na kichaa cha adabu. Kila aliyepita mbele ya chumba cha mwisho alifunika mdomo. Mke wa pembeni mwa bomba alichota maji akitembea kinyumenyume. Mumewe alijifunga taulo usoni, na alipokaribia kucheka, mkewe alimkanyaga. Watu waliokuwa wamemletea habari zao miaka yote sasa walihangaika, kila mmoja kwa namna yake, kumkinga na habari moja. Aibu ilimwaka mwilini kama homa. Hakuwa na pa kuiweka. Akafagia chumba, akafagia tena, akaleta kiti chenye mgongo, akakigeuza kitazame mlango, akaongeza mto.

Jua lilipofika pale lilipoonyeshwa, vumbi lilipanda nyuma ya ukuta wa ua. Lori halikusikika kwake, lakini aliona kuku wakitawanyika na vichwa vyote vikigeuka kuelekea getini. Kisha, taratibu, vichwa vile vile vikageuka kumtazama yeye. Bi Makubwa akafungua kitambaa kichwani, akakiweka mezani, pamba na nta zikaonekana na kila mtu. Akasimama kizingitini, mikono haijui ikae wapi, macho kwenye komeo la geti, ambalo lilikuwa linaanza kuinuka.